Maswali Yenu Kuhusu Viunzi: Hatua 13 za Edwin Moses na Hesabu Nyingine

Barua kuhusu mbio za kuruka viunzi zimerundikana, na nyingi zinamtaja mtu mmoja: Edwin Moses wa Marekani, aliyetawala mita 400 kuruka viunzi kwa karibu muongo mzima. Zilizofanana tumeziunganisha. Walimu wa michezo waliotuuliza mambo ya mazoezi tumewajibu kwa kirefu zaidi, maana swali la mwalimu mmoja lina wanafunzi thelathini nyuma yake.

SWALI: Mhariri, salamu. Tumebishana mpaka tukaachana bila kuelewana. Mmoja anasema Moses alishinda mbio 107 mfululizo, mwingine anashikilia 122. Nani tumwamini?

JIBU: Wote wawili. Fainali alizoshinda mfululizo ni 107. Ukijumlisha na mbio za mchujo, zinafika 122. Sisi tunapendelea ile ya 107, kwa sababu kwenye mchujo mtu wa kiwango chake anaweza kupita bila kutoa jasho la maana, lakini kwenye fainali kila aliye kando yake amekuja kumtafuta yeye.

Tarehe nazo zina utata wake. Moses alishindwa na Harald Schmid wa Ujerumani Magharibi mjini Berlin tarehe 26 Agosti 1977. Wiki moja baadaye walikutana tena Düsseldorf, Moses akashinda, na tangu hapo hakuna aliyemtangulia mpaka tarehe 4 Juni 1987 mjini Madrid, pale Danny Harris, Mmarekani mwenzake, alipomaliza kwa sekunde 47.56 na yeye kwa 47.69. Ile "miaka tisa, miezi tisa na siku tisa" mnayoisikia imehesabiwa kutoka kushindwa hadi kushindwa. Ukianza na ule ushindi wa Düsseldorf, siku saba zinapungua. Tena msimu wa 1982 hakushindana kabisa, kwa hiyo si miaka kumi ya kukimbia bila kupumzika.

Rekodi zake za dunia ni nne: 47.63 Montreal 1976, 47.45 Los Angeles 1977, 47.13 Milan 1980, na 47.02 Koblenz tarehe 31 Agosti 1983, siku aliyotimiza miaka 28. Mbili za kwanza aliziweka kabla ya mfululizo ule kuanza. Watu hudhani mtu asiyeshindwa lazima awe anavunja rekodi kila wikendi. Katika mbio hizo zote 107, rekodi ni mbili tu.

SWALI: Kaka mhariri, kabla ya Olimpiki ya Montreal huyu bwana alikuwa wapi? Mbona orodha za zamani hazimtaji?

JIBU: Kwa sababu hakuwa kwenye mbio hizo. Alikuwa mwanafunzi wa fizikia katika Chuo cha Morehouse, Atlanta, chuo kisichokuwa hata na uwanja wake wa riadha. Alikimbia zaidi mita 110 kuruka viunzi na mita 400 za kawaida. Mpaka Machi 1976 alikuwa amejaribu mita 400 kuruka viunzi mara moja tu. Miezi minne baadaye alikuwa bingwa wa Olimpiki na mwenye rekodi ya dunia, na Mike Shine aliyemfuata alikuwa nyuma yake kwa zaidi ya sekunde nzima, akimaliza kwa 48.69.

Ila si muujiza. Zile mbio mbili alizokuwa akikimbia ndizo vipande viwili vya mbio hii: moja ilimfundisha kupita juu ya kiunzi, nyingine ilimfundisha kuvumilia mzunguko mzima. Kilichobaki kilikuwa hesabu ya hatua, na hesabu haikuwa shida kwake.

SWALI: Kila mahali naona "hatua 13". Hatua 13 za nini? Na zina faida gani hasa? Mimi ni mwalimu wa michezo, naomba maelezo yenye vipimo, si sifa tu.

JIBU: Mwalimu, tuanze na uwanja. Katika mita 400 kuruka viunzi kuna viunzi 10. Kutoka mstari wa kuanzia hadi kiunzi cha kwanza ni mita 45, kati ya kiunzi na kiunzi ni mita 35, na kutoka cha mwisho hadi mstari wa kumalizia ni mita 40. Urefu wa kiunzi kwa wanaume ni sentimita 91.4, kwa wanawake 76.2.

Sasa hizo mita 35 mkimbiaji hazikanyagi zote. Anaruka akiwa kama mita 2.15 kabla ya kiunzi na kutua kama mita 1.25 baada yake. Ukitoa vipande hivyo viwili, zinabaki mita 31.6 za kukimbia. Gawanya kwa idadi ya hatua uone kila hatua inatakiwa iwe na urefu gani:

Hatua 17 zinadai mita 1.86 kila moja.
Hatua 16, mita 1.98.
Hatua 15, mita 2.11.
Hatua 14, mita 2.26.
Hatua 13, mita 2.43.

Kabla ya Moses, kawaida ilikuwa kuanza na 13 wakati miguu bado mibichi, kisha kuhamia 14 au 15 uchovu ukiingia. Moses, mwenye urefu wa mita 1.88 na hatua ndefu ya asili, alipiga 13 kutoka kiunzi cha kwanza hadi cha kumi. Faida ya kwanza inaonekana wazi: hatua chache kwa kasi ileile ya miguu ni muda mfupi. Ya pili haionekani kwenye televisheni, lakini kwa maoni yetu ndiyo kubwa. Kila mahali mkimbiaji anapobadilisha idadi ya hatua, kuna uwezekano wa kukosea: kufika karibu mno, au mbali mno, au kwa mguu ambao hakuuandaa. Wapinzani walikuwa na sehemu moja au mbili za namna hiyo katika kila mbio. Yeye hakuwa nazo. Walipokuwa wakipanga upya hatua kwenye kona ya pili, yeye alikuwa akihesabu kumi na tatu zilezile.

Lakini usimpe kijana wako hatua 13 kwa sababu Moses alizipiga. Kijana anayenyoosha hatua kuliko uwezo wake hutua kwa kisigino mbele sana ya kiuno, na kila mguu unapotua hivyo unafanya kazi ya breki. Atazipata hizo 13 hadi kiunzi cha nne, kisha atakwama.

Kupima ni rahisi. Weka alama mbili zenye umbali wa mita 31.6, bila kiunzi chochote. Mwambie mwanafunzi aanze mita 40 nyuma, apite kati ya alama hizo kwa kasi ya mbio zake za mita 400, si kwa kasi ya mita 100. Hesabu hatua, rudia mara tatu. Akipata 14 na nusu, mpe 15. Akipata 15 na nusu, mpe 16 kama anaweza kutanguliza mguu wowote, au 17 kama hawezi. Daima chagua idadi iliyo juu ya kipimo, kwa sababu ukiweka na kiunzi chenyewe hatua hufupika kidogo.

SWALI: Nina msichana hodari. Anapiga hatua 15 hadi kiunzi cha tano vizuri kabisa, lakini kuanzia cha sita anafika amebanana, anakanyaga vihatua vifupifupi na kuruka kama amesimama. Nimemwongezea mazoezi ya pumzi bila mafanikio. Kosa liko wapi?

JIBU: Pumzi haina kosa hapo. Fuatilia hesabu ya juu. Hatua 15 zinadai kama mita 2.1 kila moja. Uchovu ukiipunguza hatua yake ikawa mita 2.00 kamili, hatua 15 zitampeleka mita 30, yaani atakuwa amebakiza zaidi ya mita moja na nusu kufika mahali pake pa kurukia. Akiruka kutoka hapo atakigonga. Hatua moja zaidi itamweka kwenye mguu asiouzoea. Kwa hiyo anaongeza mbili, na kwa kuwa nafasi ya hatua mbili haipo, anazifanya vihatua. Kasi imekufa, na atalazimika kuitafuta upya baada ya kutua, mara tano mfululizo.

Dawa ni kubadilisha idadi kabla hajalazimishwa. Kama anaharibikiwa kwenye cha sita, mabadiliko yapangwe kati ya kiunzi cha nne na cha tano, wakati bado ana nguvu za kuamua. Hapo ahamie hatua 16.

Tatizo la 16 ni mguu. Kanuni ni hii: idadi witiri (13, 15, 17) inakurudisha kwenye mguu uleule wa kutangulia, yaani unaovuka kiunzi kwanza, idadi shufwa (14, 16) inakubadilishia. Kwa hiyo anayetaka 16 lazima ajue kuruka kwa mguu wa kushoto na wa kulia. Mfundishe msimu ukiwa mbali bado. Weka viunzi vitano vifupi, vya sentimita 50 hadi 60, kila kimoja mita 10 kutoka kwa kingine, na aruke kwa hatua nne katikati. Hatua nne zitambadilishia mguu kila kiunzi bila yeye kufikiria. Akienda mara sita hadi nane kwa zoezi, siku mbili kwa wiki, mguu dhaifu utaanza kutii baada ya wiki kadhaa. Usikimbilie kupandisha urefu. Ukiona goti la mguu wa nyuma linaning'inia badala ya kuja mbele likiwa limepanda kwapani, shusha viunzi.

Kisha nunua saa, au tumia simu inayorekodi video. Pima kila mguu wa kutangulia unapogusa ardhi baada ya kiunzi. Kwa mkimbiaji wa sekunde 56 hivi, mgao mzuri ni kama 6.5 hadi kutua baada ya kiunzi cha kwanza, kisha 4.4, na kuongezeka kama sehemu moja ya kumi kwa kila kiunzi mpaka 5.2 ya mwisho, na 6.2 hadi mstari wa kumalizia. Muda ukipanda polepole hivyo, huo ni uchovu wa kawaida. Ukiruka ghafla, tuseme kutoka 4.7 hadi 5.2 kati ya viunzi viwili, hapo ndipo hatua zilipoharibika, na ndipo pa kufanyia kazi. Huyu msichana wako bila shaka ana mruko huo kwenye kiunzi cha sita.

SWALI: Kocha wetu anasisitiza mguu wa kushoto utangulie. Mimi natumia wa kulia na najisikia vizuri. Kuna sababu au ni mazoea tu?

JIBU: Ipo sababu, na ina sentimita zake. Takriban nusu ya viunzi vya mita 400 viko kwenye kona, na kona zote zinapinda kushoto. Mguu wa kushoto ukitangulia, unaweza kubana karibu na mstari wa ndani. Wa kulia ukitangulia, wa kushoto ndio unaobaki nyuma, na unapita upande wa ndani. Ukibana mno, mguu huo unaweza kupita nje ya kiunzi, chini ya usawa wa ubao wa juu, na hilo ni kosa la kuondolewa mashindanoni. Kwa hiyo wa kulia hulazimika kukimbia nje kidogo.

Kukimbia sentimita 20 nje zaidi kwenye kona zote mbili ni kuongeza mita 1.26. Kwa kasi ya mita nane kwa sekunde, hiyo ni kama sekunde 0.16. Mashindano ya dunia ya Roma 1987 Moses alishinda kwa 47.46, huku Danny Harris na Harald Schmid wakimaliza wote kwa 47.48. Msikilize kocha wako.

SWALI: Shikamoo mhariri. Baba alikuwa akitusimulia habari za John Akii-Bua wa Uganda. Ni kweli alikimbia njia ya kwanza? Na kwa nini hakuonekana tena baada ya hapo?

JIBU: Marahaba. Ni kweli. Fainali ya Olimpiki ya Munich, Septemba 1972, Akii-Bua alipangiwa njia ya kwanza, ile yenye kona kali kuliko zote, ambayo wakimbiaji wa viunzi huichukia kwa sababu tulizotaja hapo juu. Yeye alikuwa na kinga: aliweza kutanguliza mguu wowote. Alimaliza kwa 47.82, mtu wa kwanza duniani kushuka chini ya sekunde 48. Ralph Mann wa Marekani alipata fedha kwa 48.51, na David Hemery wa Uingereza, aliyekuwa na rekodi ya 48.12 tangu Mexico 1968, akapata shaba kwa 48.52. Baada ya hapo Akii-Bua aliendelea na mzunguko wa furaha huku akiruka viunzi ambavyo havikuwepo.

Miaka miwili kabla yake, kwenye Michezo ya Jumuiya ya Madola ya Edinburgh 1970, alikuwa wa nne. Kocha wake alikuwa Malcolm Arnold, Mwingereza aliyekuwa akifanya kazi Uganda. Jina hilo lishikeni: Arnold huyohuyo ndiye baadaye alimfundisha Colin Jackson, aliyeweka rekodi ya dunia ya mita 110 kuruka viunzi, 12.91, mjini Stuttgart 1993.

Akii-Bua alikuwa polisi, na taifa lake lilikuwa chini ya Idi Amin. Mwaka 1976 nchi nyingi za Afrika, Uganda ikiwemo, zilijitoa Montreal kupinga timu ya raga ya New Zealand kuzuru Afrika Kusini. Ndiyo Olimpiki ambayo Moses aliichukua rekodi yake, bila wawili hao kukutana kwenye fainali. Mwaka 1979, utawala wa Amin ukiporomoka, Akii-Bua alikimbilia Kenya, kisha akaishi Ujerumani. Alikimbia Moscow 1980 akaishia nusu fainali. Alifariki Kampala mwaka 1997 akiwa na umri wa miaka 47. Uganda ilisubiri dhahabu nyingine ya Olimpiki mpaka Stephen Kiprotich aliposhinda marathoni London 2012, miaka arobaini baadaye.

Kwa upande wa majirani zake, Nicholas Bett wa Kenya alikuwa bingwa wa dunia Beijing 2015 kwa 47.79, naye alikimbia njia ya tisa, ukingo wa pili kabisa. Pembe zote mbili za uwanja zimetoa bingwa kutoka ukanda huu.

SWALI: Ukikiangusha kiunzi unatolewa?

JIBU: Hapana, kama hukukusudia na hukumzuia mwenzako. Kiunzi kimetengenezwa kianguke: kinatakiwa kulala kikisukumwa katikati ya ubao wa juu kwa nguvu ya kati ya kilo 3.6 na 4. Adhabu yako ni kasi uliyopoteza. Kevin Young alikigonga kiunzi cha mwisho Barcelona 1992 na bado akaweka rekodi ya dunia ya 46.78, mtu wa kwanza chini ya sekunde 47.

Zamani ilikuwa vingine. Los Angeles 1932, Bob Tisdall wa Ireland alishinda dhahabu kwa 51.7, lakini alikuwa ameangusha kiunzi cha mwisho, na kwa sheria za wakati ule muda wake haukukubaliwa kuwa rekodi. Rekodi ikaenda kwa Glenn Hardin wa Marekani, aliyekuwa wa pili. Bingwa akaondoka na medali, aliyeshindwa akaondoka na rekodi.

SWALI: Kwa nini 12.06 ya Tobi Amusan, mita 100 kuruka viunzi, haikuhesabiwa kuwa rekodi?

JIBU: Upepo. Mita 100 na 110 kuruka viunzi hukimbiwa kwa mstari mnyoofu, na upepo wa nyuma ukizidi mita 2.0 kwa sekunde, muda haukubaliwi kuwa rekodi. Fainali ya Eugene 2022 ilikuwa na mita 2.5. Bahati yake ni kwamba siku hiyohiyo, nusu fainali, Mnigeria huyo alikuwa ameshakimbia 12.12 kwa upepo halali, na hiyo ndiyo rekodi. Mita 400 hazipimwi upepo kwa sababu ukikusukuma upande mmoja utakupinga upande wa pili.

SWALI: Mimi nakimbia mita 110. Nimeambiwa Aries Merritt alivunja rekodi kwa kupunguza hatua moja tu. Hatua moja inaleta tofauti gani?

JIBU: Alipunguza hatua za kufikia kiunzi cha kwanza, kutoka nane hadi saba, katika zile mita 13.72 za mwanzo. Msimu huohuo wa 2012 akawa bingwa wa Olimpiki London kwa 12.92, kisha tarehe 7 Septemba akakimbia 12.80 mjini Brussels. Ila tahadhari: kwa hatua nane, mguu wa kurukia ni ule uliokuwa kwenye kibao cha kuanzia cha mbele; kwa saba, ni ule wa kibao cha nyuma. Kwa hiyo ukihama lazima ubadilishe miguu kwenye vibao vya kuanzia, na mwanzo wako wote utajisikia mgeni kwa miezi. Na kama huna nguvu ya kusukuma hatua ndefu tangu mlio wa bastola, utafika kiunzi cha kwanza umejinyoosha, mbali mno. Ukipitia sentimita nyingi juu ya ubao, rudi kwenye nane.

SWALI: Karsten Warholm amekimbia 45.94. Moses hakuwahi kushuka chini ya 47. Kwa nini bado mnamwita mkubwa?

JIBU: Kwa siku moja, hakuna aliyemzidi Mnorwe huyo. Rekodi ya Young ilikaa miaka 29 mpaka Warholm alipokimbia 46.70 Oslo tarehe 1 Julai 2021. Mwezi mmoja baadaye, fainali ya Olimpiki Tokyo, akashuka hadi 45.94. Angalia na waliomfuata: Rai Benjamin 46.17, Alison dos Santos 46.72. Watu watatu katika mbio moja walipita rekodi iliyokuwa imesimama tangu 1992, na wa pili alikimbia kasi kuliko rekodi ya dunia iliyokuwepo walipoingia uwanjani, akapewa fedha. Viatu vya kisasa vyenye bamba gumu na povu jepesi vina mkono wao hapo, na uwanja nao ulikuwa mzuri, lakini viatu havimpangii mtu hatua.

Kwa upande wa wanawake, Sydney McLaughlin-Levrone amefanya kitu kinachofanana zaidi na Moses. Ameivunja rekodi mara sita, kutoka 51.90 Juni 2021 hadi 50.37 kwenye Olimpiki ya Paris 2024, na anaruka kwa mguu wowote, jambo linalomruhusu kutumia hatua 14. Mwaka 2025 alihamia mita 400 za kawaida akawa bingwa wa dunia kwa 47.78.

Kipimo kimoja tunachokipenda ni tofauti kati ya muda wa mtu bila viunzi na muda wake akiwa na viunzi. Moses alikuwa na 45.60 bila viunzi na 47.02 akiwa navyo. Viunzi kumi vilimgharimu sekunde 1.42. Vijana wengi wa shule hugharimika sekunde tano hadi saba. Wewe unayetuandikia kwamba huna kasi ya kutosha, jipime hapo kwanza.

SWALI: Mhariri, nauliza la mwisho. Moses aliondokaje? Alishindwa akaacha?

JIBU: Olimpiki ya 1980 ilimpita kwa sababu Marekani iliisusia Moscow, dhahabu ilienda kwa Volker Beck wa Ujerumani Mashariki kwa 48.70, wiki chache baada ya Moses kukimbia 47.13 Milan. Mwaka 1984 Los Angeles alikula kiapo kwa niaba ya wanamichezo wote, akasahau maneno katikati, kisha akashinda fainali kwa 47.75. Baada ya Madrid 1987 wengi walidhani amekwisha, na miezi mitatu baadaye akachukua ubingwa wa dunia Roma kwa zile sehemu mbili za mia tulizozitaja.

Mbio zake za mwisho za Olimpiki zilikuwa Seoul 1988, akiwa na miaka 33. Andre Phillips, Mmarekani aliyekuwa amemfukuza bila kumpata kwa miaka mingi, alishinda kwa 47.19. Amadou Dia Ba wa Senegal alikuwa wa pili kwa 47.23. Moses alimaliza wa tatu kwa 47.56: kasi kuliko alivyokimbia Montreal alipopata dhahabu, na kasi kuliko Los Angeles alipopata ya pili.